Wimbo wa Mbuzi kwa Ngamia wa El Nuro

Nianze kwa kusema ukweli ili tusije tukasumbuana mbele ya safari: ngamia simpendi. Ndiyo, mimi ni Msomali. Ndiyo, nimezaliwa Garissa, mtaa wa Waberi, na maziwa ya ngamia ukinipa sasa hivi nitakunywa na nyongeza nitaomba. Lakini ngamia mwenyewe, yule mwenye shingo ndefu na dharau usoni, hapana. Mimi ni mtoto wa mjini. Nililelewa na bibi yangu, Ayeeyo Saynab, kwenye ua wenye mbuzi wachache na karai la maji. Ngamia nilikuwa nawaona wakipita kwenda soko la mifugo, nami nilikuwa nawapisha kwa adabu zote.

Sasa jaribu kueleza jambo hilo jeshini. Haiwezekani. Siku nilipovaa sare na wenzangu wakasoma jina langu kifuani, Mustafe, basi nikawa mtaalamu wa ngamia wa kikosi kizima. Ngamia akilala katikati ya barabara: "Mustafe!" Ngamia akitafuna wavu wa kufichia gari: "Mustafe, hebu ongea na ndugu yako!" Jamani, kazi yangu ni kutegua mabomu! Nimesomea mabomu! Wanacheka tu, hawanisikii.

Basi tukapelekwa El Nuro, kijiji cha kisima kimoja kusini mwa Rhamu, huko Mandera. Wavamizi walikuwa wamekipitia mwaka uliotangulia, na walikipitia kweli kweli. Shule ilibaki kuta bila paa. Maduka yaliungua, mabati yakajikunja. Mnara wa simu ulilala chini. Pampu ya kisima waliilipua, na hapo hapo mdomoni mwa kisima walimuua mtu anayeitwa Yarow, aliyekuwa akinywesha ngamia wake na akakataa kuwaacha akimbie. Baada ya mazishi, kijiji kizima kikahama.

Sisi tulifanya kazi yetu. Tulipekua vifusi, tukategua vilivyotegwa, tukakisafisha kisima, tukafunga pampu mpya ya dizeli. Luteni wetu, Mkamba mfupi mwenye sauti kubwa kuliko mwili wake, alituambia wazi mambo yalivyo.

"Leo jioni tunaondoka," alisema. "Wenyewe wakirudi, pampu inabaki. Wasiporudi, tunaifungua tunaipakia, kuna vijiji vingine vinaililia. Siwezi kuwaachia fisi mashine."

Asubuhi hiyo hiyo akaja Mzee Barre, kaka yake marehemu Yarow. Mwembamba, ndevu zimepakwa hina, fimbo imelala mabegani na mikono imening'inia juu yake. Nyuma yake ngamia, kundi zuri tu, na nyuma ya ngamia msichana mmoja wa hijabu ya kijani anayeitwa Idman. Huyo alikuwa binti wa Yarow. Watu wengine wa kijiji, wanawake, watoto na mbuzi wao, walikuwa wamebaki ng'ambo ya laga, ule mto mkavu, chini ya migunga, wakisubiri kusikia.

Mzee hakupoteza muda. Alimsalimia luteni, akatazama shule, akatazama maduka, akasimama mbele ya kisima. Halafu akasema kwa Kiswahili chake cha sokoni: "Luteni, mimi nasema mara moja tu. Ngamia ikikunywa hii maji leo, sisi narudi. Ngamia ikikataa, basi. Nakwenda Garissa, nauza yote, nakuwa watu ya mjini."

"Watakunywa, mzee!" luteni akacheka. "Maji ni maji!"

Idman alisogea karibu yangu, akaniambia kwa Kisomali, polepole, "Akiwauza atakufa. Nakwambia atakufa. Atakaa kwenye chumba cha kupanga kule Waberi akiangalia ukuta."

"Waberi kuna ubaya gani?" nikauliza. Nilikasirika kidogo, sitaficha.

Akanitazama kuanzia buti hadi kofia. "Kumbe umetoka huko. Ndiyo maana umesimama mbali na ngamia."

Msichana huyu!

Luteni akaamuru pampu iwashwe. Maji yakatoka, maji safi, yakajaza birika la saruji mpaka yakamwagika. Na ngamia? Walisimama mbali, wakageuza vichwa. Mbele yao alikuwa jike mkubwa mweupe, jina lake Adey, na huyo ndiye waliyemfuata wote. Adey aliitazama pampu inavyonguruma, akapiga hatua nyuma. Wote wakapiga hatua nyuma.

"Bambu yako inabiga kelele," Mzee Barre akasema.

"Zima!" luteni akapaza sauti. Tukazima. Kukawa kimya kabisa, na ngamia wakasimama vile vile. Luteni akachota maji kwa kikombe, akayanywa mbele yao, akajipangusa mdomo na kusema "Aaah!" ili waone raha yake. Adey alimtazama kama afisa anavyomtazama kuruti. Tukajaribu kuwasukuma kwa nyuma. Ukitaka kujua maana ya kusumbuka bure, msukume ngamia kwa nyuma.

"Mustafe!" Haya, nilijua tu. "Hawa ni watu wako! Waambie kitu!"

Mzee Barre alikuwa ameshakaa juu ya ukuta uliobomoka wa duka, mgongo kwa kisima. Hakuwa na hasira. Afadhali angekuwa na hasira. Alikuwa mtu aliyekwisha kukata tamaa zamani na amekuja kuhakikisha tu.

Nikamfuata Idman. "Walaal, dada yangu, wana nini hawa? Kiu wanayo, hata mimi wa Waberi naiona."

"Hawajaimbiwa," akasema.

"Hawajafanywa nini?"

"Hawajaimbiwa! Toka wazaliwe, hapa El Nuro hawajanywa hata siku moja bila wimbo wa kisima. Pampu ya zamani ilikuwa ya watu; kwa ngamia mtu mmoja anaita, mwingine anajibu, ndoo zinapanda, ngamia wanajua sasa ni wakati wao. Adeer, huyu baba yangu mkubwa, ndiye aliyekuwa akiita. Baba ndiye aliyekuwa akijibu." Akavuta hijabu yake, akaikaza chini ya kidevu. "Toka tumzike baba, adeer hajafungua mdomo. Nimemwomba njia nzima. Anasema, niite, anijibu nani?"

"Kwa nini usimjibu wewe?"

Akanitazama kana kwamba nimevua suruali hadharani. "Wimbo wa ngamia ni wa wanaume. Mwanamke anaimbia mbuzi na kondoo. Bibi yako hakukufundisha chochote?"

Hapo alinigusa pabaya. Bibi yangu alinifundisha mengi! Na wimbo wa kunywesha nilikuwa nao, nilikua nao, Ayeeyo aliuimba kila asubuhi pale uani mpaka mimi nikawa nauimba usingizini. Kumbe ndicho kinachotakiwa hicho tu? Kwani mbona hawakusema mapema? Nilitazama mgongo wa yule mzee juu ya ukuta, nikatazama jua linavyopanda, nikaona akilini pampu yetu ikipakiwa, huyu binti naye akienda kutazama ukuta Waberi. Damu ikanichemka. Nikavua kofia ya chuma, nikampa mwenzangu bunduki aishike, nikachukua ndoo na kamba, nikaishusha kisimani kwa mkono kama nilivyosikia watu wa zamani walivyokuwa wakifanya. Nikaivuta. Nikamwaga maji kwenye birika, shwaa. Na nikaimba, kwa Kisomali, kwa sauti yote niliyopewa na Mungu, na si sauti nzuri:

*Njooni wanangu wenye ndevu,*
*maji ya karai ni matamu,*
*atakayempiga mwenzake pembe*
*leo halali na mama yake!*

Wallahi nilifumba macho. Nilikuwa naimba kutoka moyoni. Nilipofika kwenye "msinivunjie vyungu vyangu, wadogo wangu," nikasikia kitu kama kilio. Nikafumbua jicho moja. Idman alikuwa amechuchumaa chini, hijabu ameijaza mdomoni, machozi yanamtoka. Nikasema moyoni, maskini, nimemkumbusha baba yake. Nikaongeza sauti. Ng'ambo ya laga nikasikia wanawake wakipiga mayowe, nikajua wamevamiwa, nikatupa ndoo nitafute bunduki yangu. Hapana. Walikuwa wanacheka. Wanawake wote wa El Nuro walikuwa wanashikana mabega wakicheka.

Kisha nikamtazama Mzee Barre. Mgongo ulikuwa unatikisika. Akageuka, na ndevu zake nyekundu zilikuwa zinatikisika pia.

"Waryaa!" akaniita. "Wewe! Nani alikufundisha huo wimbo?"

"Ayeeyo wangu, adeer."

"Alikuwa anafuga nini, huyo ayeeyo wako?"

"Mbuzi, adeer." Na hapo ndipo nilipoelewa. Nilisikia masikio yanapata moto.

"Mbuzi!" Akapiga paja. "Subhanallah! Adey, mama wa ngamia wote hawa, anaambiwa ana pembe! Anaambiwa asivunje vyungu! Tena na mwanamume mwenye buti, kwa wimbo wa wanawake!" Akacheka mpaka akashika mbavu, na Idman alipoona mjomba, samahani, baba yake mkubwa anacheka, akaacha kujizuia akalala chini kabisa. Wenzangu hawakuelewa hata neno moja la wimbo, lakini walimwona Mustafe amefedheheka, na kwao hiyo ilitosha. Luteni mwenyewe alikuwa anafuta macho kwa kofia.

Nikasema, kwa hasira za kweli, "Haya, adeer, kama wangu ni mbaya, imba wako! Mimi angalau nimejaribu!"

Kicheko kikakatika. Nikajuta, lakini neno likishatoka limetoka. Mzee akanitazama. Akatazama kisima. Halafu akashuka ukutani, akaja, akaokota ndoo niliyoitupa.

"Kwanza unashika kamba kama mtu anayeanika nguo," akaguna. "Simama hapa. Hapana, hapa. Yarow alikuwa anasimama hapa." Akanishika mabega, akanisogeza mpaka buti zangu zikawa pale alipotaka. "Mimi nitaita. Wewe unajibu neno moja tu mwishoni, teremka. Unaweza neno moja?"

"Naweza, adeer."

Akashusha ndoo. Midomo ikafunguka, na mara ya kwanza hakikutoka kitu, hewa tu. Akajaribu tena. Sauti ikatoka imekwaruza, ya mtu aliyekaa kimya mwaka mzima:

*Umetoka mbali, umetoka mbali...*

Nikajibu, "Teremka!"

*Jua limekula kivuli chako...*

"Teremka!"

Na ikapanda. Sijui nikueleze vipi. Sauti ya yule mzee ilipanda kutoka kisimani ikagonga ukuta wa shule isiyo na paa, ikaturudia, ikaingia kwenye maduka yaliyoungua na ikatoka upande wa pili. Nilikaa kijiji kile nikipekua mauti chini ya mawe, sikuwahi kufikiri kuna wimbo umelala humo humo. Ndoo ya kwanza, ndoo ya pili. Luteni, bila kuambiwa, akasogea akashika kamba nyuma yangu. Akaja mwingine. Tukawa mstari wa askari tunavuta maji, na mzee akiita sote tunaitikia "Teremka!" Mkamba na lafudhi yake, Mteso na yake, Mdigo na yake, vumbi usoni na meno nje. Dereva wetu alipata jerikeni tupu akaanza kulipiga, na namshukuru Mungu kwamba anajua ngoma kuliko anavyojua kuendesha lori.

*Nani aliyekuchotea maji haya?* mzee akaita, na hapo akanikonyeza. "Hapa jibu ni lingine. Sema: Ni aliyenizaa, kunywa."

"Ni aliyenizaa, kunywa!" tukaitikia wote, hovyo hovyo, kila mtu kwa wakati wake.

Na Adey akaja. Alikuja kwa madaha, bila haraka, kana kwamba alikuwa anatusubiri sisi tupate akili. Akapita pembeni yangu, akanipiga bega makusudi, nina hakika makusudi, akainamisha shingo ile ndefu kwenye birika akanywa. Nikasikia maji yakishuka kooni mwake. Wote wakaja nyuma yake. Birika lilizungukwa na vichwa, na mzee alikuwa anaimba na kucheka pamoja, ukiweza kuamini mtu anaweza vyote viwili. Idman alipiga kigelegele. Ng'ambo ya laga wakakidaka, kikaja mpaka kwetu, na nyuma ya kigelegele wakaja watu wenyewe, na mbuzi wao mbele wakikimbilia maji.

Sitasimulia yote waliyonifanyia wanawake wale. Nitasema tu kwamba mbuzi walipofika birikani, nililetwa mbele kwa kushikwa sare nikaimbishwa wimbo wa Ayeeyo mwanzo hadi mwisho, na safari hii nilikuwa naimbia mnyama anayestahili. Mama mmoja alinisahihisha ubeti wa pili. Nilifurahi mpaka nikasahau nilikasirikia nini.

Alasiri redio ikalia. Tuondoke kabla ya jua kuzama. Tukakusanya vitu, na katika vurugu ya kupakia, vijana wetu walioshika amri ya asubuhi wakawa wamekwisha kuifungua pampu na kuipandisha lorini. Luteni akapiga kelele, halafu akamgeukia Mzee Barre, ambaye alikuwa amesimama peke yake mdomoni mwa kisima.

"Mzee, samahani. Tunaishusha sasa hivi. Mnarudi, sivyo?"

Mzee alikuwa ananitazama mimi, nimekwisha kupanda lori.

"Leo huyu alinijibu," akasema, na sasa alisema kwa Kisomali, akaniachia mimi nitafsiri. "Sasa anakwenda. Kesho nitaita, anijibu nani? Ukuta?" Akatikisa kichwa. "Nimefurahi leo, wallahi nimefurahi. Lakini siwezi kusimama hapa kila siku nikiita pale ndugu yangu alipoanguka, na kimya kinijibu. Bora Garissa. Mwambie luteni wako aende na mashine yake."

Nilitafsiri. Nilitaka kuruka chini nimtikise. Mama aliyenisahihisha ubeti akaanza kukusanya vitu vyake alivyokuwa ameshavitandaza kwenye kivuli cha shule.

Mzee akaweka fimbo mabegani. Kabla ya kuondoka akainama kisimani, na kwa sauti ndogo, kama mtu anayeaga, akaita mara ya mwisho:

*Nani aliyekuchotea maji haya?*

"Ni aliyenizaa, kunywa."

Sauti ya mwanamke. Safi, ya juu, mahali pake hasa, haikuchelewa wala kuwahi. Idman alikuwa amesimama pale mzee aliponisimamisha mimi, pale pale, viatu vyake kwenye alama za buti zangu. Na kwa kinywa chake maneno yale hayakuwa tena maneno ya wimbo tu. Kila mtu pale alijua ni nani aliyemzaa, na alichotea maji wapi, na aliishia wapi.

Wanaume wa kijiji walitazamana. Mmoja akasema "Astaghfirullah" chini chini. Mzee Barre aligeuka polepole.

"Idman. Huo ni wa wanaume."

"Najua, adeer." Hakusogea. "Nimeusikia toka nikibebwa mgongoni. Nayajua majibu yote ya baba, hata yale aliyokuwa anakosea. Na huyu askari leo amemwimbia Adey wimbo wa wanawake, kisima hakikukauka. Wewe ulicheka. Sikukuona ukicheka mwaka mzima, adeer. Kwa hiyo niache niimbe, na ukitaka, cheka."

Adey, aliyekwisha kushiba na kulala kule ukutani, alikuwa amenyanyua kichwa akitazama kisimani. Mzee alimwona. Akamtazama ngamia, akamtazama binti, ndevu zikaanza kutikisika tena, na safari hii sikujua kama ni kicheko au ni nini. Akaiweka fimbo chini.

*Umetoka mbali,* akaita. *Umetoka mbali...*

"Teremka," akajibu binti wa Yarow.

Luteni haelewi Kisomali hata cha kuombea chai. Alikuwa na maji machoni hata hivyo, akatugeukia na ile sauti yake kubwa: "Mnangoja nini nyinyi? Shusheni hiyo pampu!"

Tukaishusha, tukaifunga, jua likatuzamia hapo hapo na redio ikatutukana. Mimi nilikuwa nakaza nati na kulia, na atakayenicheka aje nje tupigane.